Safari ya siku moja Nara, Japani, ukitokea Kyoto: basi la kundi, au mwongozaji na treni?

#1 KitiChaDirisha
Wakuu, salaam. Nimekuja na hoja, na atakayeipinga naomba aje na dakika mkononi.

Safari za basi za siku moja zinazotangazwa "maeneo 5 ya kale, Kyoto na Nara" zinakula siku barabarani. Chukua safari ya kuondoka saa 2:30 asubuhi na kurudi saa 11:30 jioni. Hizo ni dakika 540. Sasa toa: Kyoto kwenda Nara na kurudi, 110. Foleni za ndani ya Kyoto, 80. Watu 40 kushuka na kupanda kwa mlango mmoja, vituo 5, 90. Chakula, 60. Duka la zawadi ambalo halikwepeki, 40. Vyoo, 30. Zinabaki 130, yaani dakika 26 kwa kila eneo. Pale Todaiji, hekalu la Buddha mkubwa la Nara, kutoka maegesho ya mabasi hadi mlango wa ukumbi wa Buddha tu ni dakika 10 za miguu.

Swali: mtu anayetaka Nara peke yake, apande basi, aajiri mwongozaji wapande treni, au aende mwenyewe?

#2 MzeeWaReli
Hesabu yako iko sawa kwa wanaochanganya miji miwili. Kwa Nara peke yake, treni inashinda bila ubishi, ila watu hukosea kuchagua reli.

Ziko mbili. Kintetsu inatoka Kyoto hadi Kintetsu-Nara, treni ya haraka yenye viti maalumu dakika 35 hivi, nauli yeni 760 na nyongeza ya kiti 520. JR inatoka Kyoto hadi JR Nara kwa treni ya haraka iitwayo Miyakoji, dakika 45 hivi, yeni 720. Tofauti kubwa iko mwisho wa safari: Kintetsu-Nara inakushusha jirani na hifadhi, dakika 20 za miguu unafika Todaiji. JR Nara iko mbali zaidi upande wa magharibi, utahitaji basi la mjini au mwendo wa dakika 35 hadi 40.

Mwenye pasi ya JR ajue haifanyi kazi Kintetsu. Kadi ya nauli ya ICOCA inafanya kazi kote.

#3 BintiKilindini
KitiChaDirisha, dakika zako ni za mtu mwenye magoti mazima. Weka wazazi wa miaka 70 na watoto 2. Juni ni mvua za tsuyu, Agosti joto la unyevu kama Mombasa ya Machi. Basi lina kiyoyozi, lina sehemu ya mabegi, na mama anaweza kubaki kitini wengine wakipanda ngazi. Kwenye treni kuna kusimama, ngazi za vituo, na begi kubwa la kutafutiwa kabati la sarafu ambalo kufikia saa 4 asubuhi mara nyingi limeshajaa.

Basi lina nafasi yake. Kosa ni kununua lenye maeneo 5. Yapo ya nusu siku ya Nara pekee, ambayo ni Todaiji na hekalu la Shinto la Kasuga basi. Hayo dakika zake zinatosha.

#4 Jongoo_wa_Tanga
Halafu mwongozaji binafsi ni wa matajiri. Basi la kundi unalipa kwa kichwa, bei inajulikana.

#5 LeseniMkononi
Jongoo, hapo turekebishe. Mwongozaji binafsi hulipwa kwa siku, kwa kundi zima, si kwa kichwa. Mkiwa 2 mnaumia. Mkiwa 5 au 6 gawanya, mara nyingi mnakaribia nauli ya basi, na mnakwenda kwa mwendo wenu. Ongeza nauli zake za treni, viingilio vyake na chakula chake cha mchana. Hivyo ni juu yenu, muulize kabla.

Kuhusu leseni: tangu sheria ya 1949, kuongoza wageni kwa malipo kwa lugha ya kigeni kulihitaji leseni ya taifa. Januari 2018 sheria ililegezwa, mtu yeyote anaruhusiwa kulipwa, ila cheo cha mwongozaji mwenye leseni ya taifa bado kimelindwa. Kwa hiyo ukiandikiwa "mwongozaji mzoefu" hujaambiwa lolote kuhusu leseni. Omba namba ya usajili. Mwenye leseni amefanya mtihani wa historia, jiografia na lugha, na kwenye sehemu kama hekalu la Horyuji tofauti unaisikia ndani ya dakika 5.

#6 Mwajuma_Ramani
Nyongeza kwa #5: viko vikundi vya waongozaji wa kujitolea, wengi wanafunzi na wastaafu, na Nara imejaaliwa kuwa navyo. Hawatozi ada. Unalipia nauli, viingilio na chakula chao. Omba wiki 2 kabla au zaidi, taja idadi yenu, lugha, saa na kituo cha kukutania. Usibadilishe siku dakika za mwisho, mtu amepanga ratiba yake kwa ajili yako.

Kiswahili usitarajie. Kiingereza kipo, Kifaransa kwa bahati.

#7 Jongoo_wa_Tanga
Nimekubali kuhusu bei, asanteni. Lakini kwa Todaiji mwongozaji wa nini? Ni jengo la mbao kubwa kuliko yote duniani, lina sanamu ya mita 15 ndani, la mwaka 752. Hilo limeandikwa mlangoni.

#8 FundiRanda
Jongoo, sentensi moja makosa mawili, ndiyo maana tunamtaka mwongozaji.

752 ni mwaka wa sherehe ya kufungua macho ya Buddha, yaani kuizindua sanamu; aliyeamuru kazi ile ni Mfalme Shomu, ambaye wakati huo alikuwa ameshaachia kiti. Jengo unaloliona si lile. Liliungua 1180 kwenye vita, likaungua tena 1567, na hili la sasa lilikamilika 1709. La kwanza lilikuwa na upana wa mita 86 hivi, hili ni 57. Na sifa ya ukubwa duniani lilikuwa nayo hadi majengo ya kisasa ya mbao yalipolipita mwishoni mwa karne ya 20.

Sasa ingia ndani, acha kumtazama Buddha kwa dakika moja, sogelea nguzo. Utaona mikanda ya chuma imeizunguka kutoka chini kwenda juu. Nguzo si gogo moja. Ni kiini kilichozungushiwa vipande vya mbao, vikabanwa kwa mikanda kama pipa, na kwa misumari mikubwa, kwa sababu miti minene ya kutosha ilikuwa imekwisha misituni. Gusa kwa macho tu, lakini fuata mshono kati ya kipande na kipande. Kwa zile boriti 2 kuu za kushikilia paa, ambazo haziwezi kuungwa, walitafuta misonobari myekundu hadi Kirishima, kusini mwa Kyushu. Kila moja mita 23 hivi, ikavutwa na kusafirishwa kwa bahari mwaka 1704. Mwenye basi la dakika 26 hayaoni haya.

#9 MwalimuWaZamu
FundiRanda sawa kabisa, ila kupungua kwa upana kunaelezwa kwa namna mbili. Wengine wanasema miti, kama ulivyosema. Wengine wanasema fedha: hekalu lilitegemea michango, mtawa mmoja, Kokei, alizunguka nchi nzima akikusanya, na serikali ya Tokugawa ilichangia kwa kiasi. Sioni kwa nini moja liondoe lingine.

#10 BintiKilindini
Mwenye watoto: kuna nguzo kona ya kaskazini mashariki yenye tundu chini, sentimita 30 kwa 37 hivi. Husemwa ni sawa na tundu la pua ya Buddha, na anayepita hupata baraka. Mtoto apitishe mikono yote miwili mbele kwanza, kama anayepiga mbizi, kisha bega moja, kisha la pili. Anayeingia mabega sambamba ndiye anayekwama. Mzazi akae upande wa kutokea amvute viganjani.

#11 Mwajuma_Ramani
Na kwa nini tundu liko kona hiyo? Wajapani wa zamani waliita kaskazini mashariki kimon, mlango wa pepo wabaya. Wapo wanaosema tundu lilitobolewa ubaya upate pa kutokea. Wengine wanasema ni la hewa. Waongozaji wawili watakupa majibu mawili.

#12 Simba_Mpole
Hamjasema chochote kuhusu wale paa wanaozurura kwenye hifadhi ya Nara. Wanainama kweli kusalimia?

#13 LeseniMkononi
Wanainama. Sababu ndiyo ugomvi. Hadithi ya pale ni kwamba mungu Takemikazuchi alifika Kasuga akitokea Kashima amepanda mnyama mweupe, hivyo hawa ni wajumbe na wana adabu zao. Maelezo ya pili: wamejifunza kwamba wakiinamisha kichwa wanapata biskuti, vizazi kwa vizazi. La tatu: dume kuinamisha kichwa ni kujiandaa kupiga pembe, na watalii tunaiita salamu.

Kwa vitendo:
biskuti zao, shika senbei, ni za pumba za mchele na unga, hazina sukari, yeni 200 furushi. Beba sarafu. Ukishanunua usifungue mbele ya muuzaji, watakuzunguka 10. Ondoka hatua chache, toa moja moja haraka. Ukimwinulia juu mara tatu bila kumpa, atakuuma kiunoni. Zikiisha, onyesha viganja vitupu, wanaelewa. Ramani ya karatasi ficha, wanaila. Mfuko wa nailoni usiutoe kabisa: mwaka 2019 walikufa kadhaa wakakutwa na kilo za plastiki tumboni. Mei hadi Julai mama wana watoto, usikaribie. Septemba hadi Novemba madume ni wakali.

#14 Pwani_Asilia
Simba, hao si paa. Paa ni kadogo, anajificha kichakani. Wanaitwa kulungu.

#15 FundiRanda
Kulungu wetu naye ana pembe za kudumu. Hawa wa Nara pembe zao zinaanguka kila mwaka na kuota upya, na kila vuli madume hukatwa pembe kwa sherehe iliyoanza karne ya 17. Kwetu hatuna mnyama wa aina hiyo.

#16 Pwani_Asilia
Basi wazee walishatupa neno: ayala. Limetoka Kiarabu, na ndiye huyuhuyu wa pembe zenye matawi. Tulitumie kabla halijafa.

#17 Simba_Mpole
Ayala. Nimelichukua, shukrani.

#18 MwalimuWaZamu
Turudi kwenye hoja. Mnazunguka Todaiji na mmeiacha Horyuji, ambayo kwangu ndiyo sababu ya kulipa mwongozaji. Ilianzishwa 607 na Mwanamfalme Shotoku, iko Ikaruga, dakika 12 kwa JR kutoka JR Nara kisha miguu dakika 20. Ina majengo ya mbao ya kale kuliko yote yaliyobaki duniani. Hiyo na ngome ya Himeji ndizo za kwanza za kiutamaduni za Japani kuingia urithi wa dunia, mwaka 1993.

Kitendawili: kumbukumbu za kale zinasema iliungua yote mwaka 670. Kwa hiyo pagoda iliyopo, ule mnara wa ghorofa 5, ilijengwa baada ya hapo. Lakini mwaka 2001 wataalamu wa pete za miti walisoma kipande cha nguzo yake ya kati, wakapata kwamba mti ulikatwa 594. Nguzo ina umri mkubwa kuliko hekalu lenyewe.

#19 Jongoo_wa_Tanga
Basi haikuungua. Waandishi wa zamani walikosea.

#20 MwalimuWaZamu
Jibu hilo lilipendwa na wanahistoria wengi hadi 1939, ulipochimbwa uwanja jirani ukaonekana msingi wa hekalu jingine la zamani zaidi, umekaa kwa mwelekeo tofauti. Moto ulikuwepo. Na mbao za dari ya ukumbi mkuu zimesomwa miaka ya 660. Nguzo pekee ndiyo inayogoma.

#21 FundiRanda
Kwa macho ya fundi: gogo la hinoki, mberoshi wa Kijapani, refu na lililonyooka kiasi kile halipatikani kila mwaka. Linapokatwa linatunzwa likauke. Au lilisimama kwenye hekalu jingine, likabomolewa, likahamishwa. Kutumia mbao tena si ajabu, hinoki huvumilia mamia ya miaka. Kinachonisumbua ni kwamba kile kipande kina tabaka la nje la mti, kwa hiyo huwezi kusema pete nyingi zilichongwa zikapotea. 594 ni 594.

#22 Mwajuma_Ramani
Lakini kutoka 594 hadi 670 ni miaka 76. Nani atunze gogo miaka 76 bila kulitumia? Mimi niko na wazo la kuhamishwa. Nguzo ya kati ya pagoda hushuka kwenye jiwe lenye masalia matakatifu. Nguzo iliyokwisha kubeba heshima hiyo kwingine ingehamishwa, isingechomwa kuni.

#23 MzeeWaReli
Na ingehamishwa, alama za viungio vya zamani zingebaki. Fundi, zipo?

#24 FundiRanda
Nguzo ya kati haibebi sakafu, mzee. Ghorofa zote 5 zimepangwa juu ya nyingine kama masufuria, nguzo inapita katikati na kushikilia kilele. Viungio vyake ni vichache, kwa hiyo hata ikitumika tena haitasimulia mengi.

Ndiyo maana pia watu hubishana kwa nini pagoda hizi hazianguki kwa tetemeko. Kuna wanaosema kila ghorofa inayumba upande wake, kama nyoka anavyokwenda. Kuna wanaosema nguzo inazigonga ghorofa na kuzirudisha. Na kuna wanaosema siri ni viungio vya mbao vinavyosuguana na kula nguvu. Waliojenga mnara wa Skytree wa Tokyo, mita 634, waliweka nguzo ya kati ya zege na kuipa jina lilelile la nguzo ya pagoda, shinbashira.

#25 KitiChaDirisha
Uzi umenoga. Nipeni ratiba sasa: Inari (lile hekalu la milango myekundu la Kyoto), Todaiji na Horyuji kwa siku moja kwa treni, inawezekana?

#26 MzeeWaReli
Inawezekana ukiamka. Fushimi Inari iko wazi saa 24 na haina kiingilio. Panda JR Kyoto saa 12:45 asubuhi, shuka Inari, dakika 5. TRENI ZA KAWAIDA TU ndizo zinazosimama pale, Miyakoji inapita moja kwa moja. Hili ndilo kosa la kila siku: mgeni anapanda ya haraka na kushtukia yuko mji wa Uji.

Panda hadi njia panda ya Yotsutsuji, dakika 40 kwenda na 30 kurudi. Mzunguko wote wa mlima wa mita 233 acha, ni saa 2 hadi 3. Saa 2:30 rudi kituoni. Usisubiri treni ya kawaida hadi Nara, itakuchosha. Rudi nyuma kituo kimoja, Tofukuji, uchukue Miyakoji. Kabla ya saa 4 uko JR Nara, basi la mjini hadi Todaiji, kaa hadi saa 6. Saa 7:30 panda JR kwenda Horyuji. Inafungwa saa 11 jioni, na kuanzia Novemba hadi Februari saa 10:30. Aliyelala Osaka asirudi Kyoto, atoke Horyuji moja kwa moja hadi kituo cha Tennoji, Osaka.

#27 BintiKilindini
Hiyo ratiba ni ya jeshi. Toa Inari, iwekee jioni nyingine, usiku ina taa na watu wachache. Na usiku huo, geuka nyuma unaposhuka: majina ya waliochangia milango ile myekundu na tarehe zake yameandikwa upande wa nyuma. Ukipanda tu hutayaona.

#28 Simba_Mpole
Kwa nini nyekundu lakini?

#29 LeseniMkononi
Rangi ya asili ilitokana na madini ya zebaki, huzuia mbao kuoza. Wengine watakwambia inafukuza mabaya. Wengine ni rangi ya mavuno, maana Inari ni mungu wa mpunga. Chukua yote matatu.

#30 Pwani_Asilia
Jambo dogo linaloharibu safari: vocha za Japani zinaandikwa 08:30. Hiyo ni saa mbili na nusu yetu. Ukimtumia shangazi ujumbe "tukutane 8:30" atafika mchana. Andika saa kwa namna zote mbili. Basi la kundi halisubiri, na karibu kila mkataba unasema aliyechelewa anajirudisha kwa gharama zake bila kurudishiwa fedha.

#31 Ustadh_Njiani
Assalaam alaykum. Kwa Waislamu: udon na soba mchuzi wake ni wa samaki mkavu, lakini mara nyingi hutiwa mirin, ambayo ina kileo. Uliza "mirin" na "sake" kwa majina hayohayo, mpishi ataelewa. Kakinoha-zushi ya Nara, samaki na wali ndani ya jani la mti wa kaki, inabebeka vizuri, nayo iulizie hivyohivyo. Msafiri ana ruhusa ya kukusanya adhuhuri na alasiri. Saa ya chakula Nara ndiyo nafasi nzuri. Kibla ni magharibi ikipinda kidogo kaskazini. Majani ya hifadhi yana vinyesi vya ayala kila mahali, weka kitambaa kizito chini ya msala, na ukimaliza kikunje uondoke nacho; nailoni usiitoe, kama alivyosema #13.

#32 KitiChaDirisha
Shukrani Ustadh. Nimeelewa: kwa wazazi, basi la nusu siku la Nara. Kwa vijana 5, mwongozaji mwenye leseni, Todaiji na Horyuji, Inari usiku mwingine. Lakini Mwajuma na Fundi hamjamaliza lile gogo. Na ukifika, nguzo yenyewe inaonekana?

#33 Jongoo_wa_Tanga
Mimi bado nasema mwandishi wa 670 alitia chumvi.

#34 FundiRanda
KitiChaDirisha, nguzo huioni, imefichwa nyuma ya vinyago. Huruhusiwi kuingia, lakini ghorofa ya chini ina milango pande 4 yenye wavu. Nenda na upande wa kaskazini kabla jua halijashuka, weka viganja kandokando ya macho uzuie mwanga wa nje, subiri dakika moja giza likuzoee. Utaona Buddha amelala anafariki, na wanafunzi wa udongo wamekaa mbele yake vinywa wazi wanalia, mmoja anajipiga kifua. Walifinyangwa 711. Nguzo iko nyuma yao.